Kabla Hujatia Saini: Jinsi ya Kupima Gharama Halisi ya Mkopo wa Nyumba

Mtu anapoketi mbele ya afisa mikopo kuomba mkopo wa nyumba, swali la kwanza huwa karibu kila mara ni lile lile: "Nitakatwa kiasi gani kwa mwezi?" Swali hilo ni la haki, kwa sababu mshahara una mipaka na watoto wanahitaji ada. Hata hivyo, likibaki peke yake, humfanya mkopaji akubali mkataba wa miaka 20 kwa kutazama mwezi mmoja tu. Swali linalopaswa kutangulia ni hili: hadi siku hati yangu itakaporudi mikononi mwangu, nitakuwa nimetoa shilingi ngapi kwa jumla, na ni sehemu gani ya fedha hizo iliyonunua nyumba hasa? Jibu lake linapatikana kwa kalamu, karatasi na kikokotoo cha simu, na halihitaji elimu ya uhasibu.

Nitatumia mfano mmoja mwanzo hadi mwisho ili hesabu zifuatane. Nyumba inauzwa shilingi milioni 100 mjini Dodoma au pembezoni mwa Dar es Salaam. Mnunuzi ana akiba ya milioni 20 anayoitoa kama malipo ya awali, na benki inamkopesha milioni 80 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, kwa miaka 20. Riba hiyo si ya kubuni tu. Kwa miaka mingi riba za mikopo ya nyumba nchini Tanzania zimekuwa zikitembea kati ya asilimia 13 na 19, hata baada ya kuanzishwa kwa kampuni ya TMRC mwaka 2010 ili kuzipatia benki fedha za muda mrefu. Ada na bima nitakazozitaja ni makadirio ya kufundishia, na msomaji aweke tarakimu za benki yake mahali pake.

Anza kwa kuuliza riba inakokotolewa juu ya nini

Asilimia peke yake haitoshi kukuambia ukubwa wa gharama. Katika mkopo wa kawaida wa nyumba, riba hukokotolewa juu ya salio linalopungua, yaani kila mwezi unatozwa riba ya kile ulichobakiza tu. Lakini ipo mikopo, hasa ile midogo ya ujenzi na ukarabati inayotolewa na baadhi ya taasisi ndogo za fedha, ambayo riba yake hupigwa juu ya kiasi chote ulichokopa tangu mwanzo hadi mwisho, kana kwamba hujawahi kurejesha hata shilingi. Chukua mkopo wa milioni 10 kwa miaka mitatu kwa riba ya asilimia 15 ya namna hiyo: riba ni milioni 1.5 kwa mwaka, jumla milioni 4.5, na rejesho la mwezi ni takriban shilingi 402,800. Ukiupima mkopo huo kwa kipimo cha salio linalopungua, utakuta unalipa riba ya karibu asilimia 26. Kwa hiyo mtu anayelinganisha "asilimia 15" ya taasisi moja na "asilimia 18" ya benki nyingine anaweza kuchagua mkopo ulio ghali zaidi huku akiamini kwamba amepata unafuu. Uliza kwa maneno yaliyo wazi kama riba inapigwa juu ya salio linalopungua au juu ya mkopo wote, na jibu lionekane ndani ya mkataba.

Tengeneza ratiba ya marejesho kwa mkono wako

Benki itakupa ratiba ya marejesho, lakini napendekeza uandike mwenyewe walau miezi michache ya mwanzo, kwa kuwa hakuna kitu kinachofungua macho zaidi ya hapo. Kupata rejesho la mwezi, fungua Excel au programu yoyote ya majedwali kwenye simu na uandike =PMT(0.15/12,240,-80000000). Namba ya kwanza ni riba ya mwaka iliyogawanywa kwa miezi 12, ya pili ni idadi ya miezi, na ya tatu ni mkopo. Jibu ni shilingi 1,053,432 kwa mwezi.

Sasa ligawe rejesho hilo. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 80. Asilimia 15 yake ni milioni 12 kwa mwaka, ambayo ni milioni 1 kamili kwa mwezi. Kwa hiyo, katika ile 1,053,432 uliyolipa, milioni 1 imekwenda kwenye riba na shilingi 53,432 tu ndizo zilizopunguza deni. Salio linakuwa 79,946,568. Mwezi wa pili riba ni 999,332, na deni linapungua kwa 54,100. Endelea hivyo na utaona jinsi sehemu inayopunguza deni inavyokua polepole sana kwa miaka mingi, kisha inaongezeka kwa kasi miaka ya mwisho, hadi rejesho la mwezi wa 240 ambalo riba ndani yake ni shilingi 13,000 hivi tu.

Matokeo ya mwenendo huo ndiyo yanayowashangaza watu wanapokwenda benki kuomba taarifa ya mkopo. Baada ya miaka mitano ya kulipa bila kukosa mwezi hata mmoja, mkopaji wetu ametoa shilingi milioni 63.2, na deni lake limeshuka kutoka milioni 80 hadi milioni 75.3. Baada ya miaka 10, yaani nusu ya muda, ametoa milioni 126.4 na bado anadaiwa milioni 65.3. Nusu ya deni la msingi inamalizika ndani ya mwaka wa 16. Hapa hakuna wizi wala kosa la mfumo. Ndivyo hesabu ya riba ya salio linalopungua inavyofanya kazi pale riba inapokuwa kubwa na muda unapokuwa mrefu. Lakini mtu anayetarajia kuuza nyumba baada ya miaka mitano na "kubaki na kitu" anapaswa kuijua hesabu hii kabla ya kutia saini, si siku ya kuuza.

Zidisha rejesho kwa miezi 240 na utapata shilingi milioni 252.8. Ukitoa milioni 80 ulizokopa, riba peke yake ni milioni 172.8. Ni vizuri pia kuikumbuka hesabu hii kwa namna nyingine: kwa riba hii na muda huu, kila shilingi moja unayoingiza ndani ya mkopo utairudisha kama shilingi tatu na senti 16. Tutaihitaji tarakimu hiyo hapa chini.

Muda ndio unaokula fedha zaidi

Wakopaji wengi hupambana na benki kwa nguvu zote ili riba ishuke kwa nusu asilimia, kisha wanapoulizwa wangependa kulipa kwa muda gani, hujibu "mrefu kadiri inavyowezekana." Hapo ndipo fedha nyingi zaidi zinapopotea. Mkopo ule ule wa milioni 80 kwa asilimia 15, ukilipwa kwa miaka 25, unadai rejesho la shilingi 1,024,664. Umepata nafuu ya shilingi 28,768 tu kwa mwezi kulinganisha na miaka 20, lakini jumla ya malipo imepanda hadi milioni 307.4, ongezeko la zaidi ya milioni 54.

Geuza upande wa pili. Ukichagua miaka 15, rejesho ni shilingi 1,119,670, yaani umeongeza takriban shilingi 66,000 kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 201.5. Umeokoa zaidi ya milioni 51 na miaka mitano ya maisha yako. Ukiweza miaka 10, rejesho ni 1,290,680 na jumla ni milioni 154.9. Mtu anayepokea mshahara wa kumtosha kulipa milioni 1.05 kwa mwezi, aghalabu anaweza kupanga bajeti yake ikatoa elfu 66 nyingine, hata kama itambidi aahirishe kununua gari kwa mwaka mmoja. Kwa hiyo unapokuwa benki, omba ratiba tatu kwa mpigo: ya miaka 10, 15 na 20. Ziweke mezani, mketi na mwenzi wako, na mtazame safu ya mwisho ya kila ratiba, ile ya jumla, kabla ya kutazama ya mwezi.

Watumishi wa umma wanaijua sheria ya theluthi moja, kwamba baada ya makato yote mtumishi abakiwe na theluthi ya mshahara wake. Naomba jambo moja lieleweke: huo ni ukomo wa juu kabisa, si kipimo cha uwezo wako. Familia inayobakiwa na theluthi tu kwa miaka 20 itakopa tena mahali pengine ili ikidhi ada, matibabu na misiba, na riba ya mikopo hiyo midogo ni sehemu ya gharama ya nyumba hata kama haionekani kwenye mkataba wa nyumba.

Ada na bima zisizotajwa kwenye tangazo

Tangazo la benki hutaja riba. Mkataba hutaja mengine yote. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, ambayo huwa asilimia fulani ya kiasi unachokopa na hutozwa kodi ya ongezeko la thamani (VAT) ya asilimia 18 juu yake. Tuchukulie ni asilimia 1.5: kwa milioni 80 ni shilingi 1,200,000, na ukijumlisha VAT ni 1,416,000. Kuna mthamini aliyesajiliwa, ambaye wewe ndiye unayemlipa ingawa ripoti yake inaitumikia benki. Kuna wakili, kuna upekuzi wa hati kwa Msajili wa Hati, kuna ushuru wa stempu wa asilimia 1 katika uhamisho wa milki, na kuna gharama za kusajili rehani yenyewe. Kama nyumba inauzwa na kampuni ya ujenzi, uliza pia kama bei uliyotajiwa tayari ina VAT ndani yake, kwa sababu asilimia 18 ya milioni 100 inatosha kuvunja mpango mzima.

Kisha kuna bima. Benki karibu zote hudai bima ya maisha ya mkopaji, inayolipa deni akifariki au akipata ulemavu wa kudumu, pamoja na bima ya moto na majanga kwa jengo. Bima hizi zina maana. Mjane na watoto wasirithi deni la nyumba ambayo inaweza kupigwa mnada. Lakini ulizia mambo matatu: malipo yake ni ya kila mwaka au ya mara moja, yanapungua kadiri deni linavyopungua au la, na kama unaruhusiwa kutafuta kampuni ya bima nyingine yenye bei nafuu. Tukikadiria shilingi 400,000 kwa mwaka kwa bima zote, miaka 20 inafika milioni 8.

Sasa rudi kwenye ile tarakimu ya 3.16. Afisa mikopo mkarimu anaweza kukuambia, "Usihangaike kutafuta fedha ya ada, tutaiingiza kwenye mkopo." Ile ada ya 1,416,000 ikiingizwa kwenye mkopo utairudisha kama shilingi milioni 4.5 hivi. Ni afadhali ukachelewa miezi miwili mitatu kuikusanya kuliko kuilipa mara tatu.

Tukijumlisha malipo ya awali ya milioni 20, marejesho ya milioni 252.8, ada na VAT yake, ushuru wa stempu wa milioni 1, tuseme milioni 1.5 za mthamini na wakili, pamoja na bima za milioni 8, nyumba ya milioni 100 imegharimu karibu milioni 285. Bado hujapaka rangi. Nyumba hudai matengenezo, na ukitenga asilimia 1 tu ya bei yake kila mwaka, miaka 20 inaongeza milioni 20 nyingine. Kodi ya pango la ardhi hulipwa kila mwaka. Kodi ya majengo, ambayo tangu mwaka 2021 hukatwa unaponunua umeme wa LUKU, ni ndogo kwa nyumba ya kawaida. Anayenunua ghorofani chini ya Sheria ya Umiliki wa Sehemu za Majengo ya mwaka 2008 aulize ada ya huduma za pamoja, yaani lifti, walinzi, jenereta na usafi. Laki moja kwa mwezi ni milioni 24 kwa miaka 20, na ada ya namna hiyo haiishi mkopo unapoisha.

Soma kifungu cha kubadilika kwa riba

Mikataba mingi ina kifungu kinachoiruhusu benki kubadilisha riba. Kitafute, kisome mara mbili, na ukokotoe ingekuwaje riba ikipanda kwa asilimia mbili. Kwa mfano wetu, ikifika 17 tangu mwanzo, rejesho linakuwa shilingi 1,173,441, yaani laki moja na elfu 20 zaidi kila mwezi, na jumla inapanda kwa karibu milioni 29. Jaribu kuishi miezi mitatu kwa bajeti hiyo kabla ya kukopa, ukiweka tofauti benki kama akiba. Ukishindwa, mkopo huo ni mkubwa kwako.

Kuna hali nyingine iliyo ya hatari zaidi kwa sababu haionekani. Riba ikipanda, benki inaweza kuliacha rejesho lako kama lilivyo na kurefusha muda badala yake. Mkopaji anafurahi kwamba makato hayajabadilika. Lakini riba ya asilimia 17 juu ya milioni 80 ni shilingi 1,133,333 kwa mwezi, nawe unalipa 1,053,432. Rejesho halitoshi hata riba ya mwezi huo, na deni linakua kila mwezi ingawa unalipa kwa uaminifu. Uliza moja kwa moja: riba ikipanda, kinachobadilika ni rejesho au ni muda, na nitaarifiwa kwa maandishi siku ngapi kabla?

Wanaodhani hayo ni ya kufikirika watazame Kenya. Kati ya mwaka 2016 na Novemba 2019 sheria iliweka ukomo wa riba, kisha ukomo huo ukaondolewa. Mwaka 2022 Benki Kuu ya Kenya ilianza kupandisha riba yake ya msingi, ikatoka asilimia 7 hadi 13 kufikia Februari 2024, kabla ya kuanza kuishusha mwezi Agosti mwaka huo. Wenye mikopo ya nyumba yenye riba inayobadilika waliliona ongezeko hilo kwenye makato yao. Nchini Tanzania, Benki Kuu (BoT) ilianza kutumia mfumo wa riba ya benki kuu Januari 2024, na ingawa haijayumba kwa kiasi hicho, mkataba wa miaka 20 utapita katika nyakati ambazo hakuna awezaye kuzitabiri leo.

Wapo pia wasiotaka riba kwa sababu ya imani. Benki zinazofuata misingi ya Kiislamu hununua nyumba na kumuuzia mteja kwa bei iliyoongezwa faida, au hushirikiana naye kuimiliki na kumuuzia sehemu yao hatua kwa hatua. Katika mauzo ya aina ya kwanza bei ya jumla hutajwa tangu mwanzo, na hilo ni jambo jema sana, lakini usidhani moja kwa moja kwamba ni nafuu. Gawa jumla yote kwa bei ya taslimu ya nyumba na ulinganishe na hesabu tuliyofanya hapa.

Lipa mapema, na hasa miaka ya mwanzo

Kwa sababu miaka ya mwanzo ndiyo inayobeba riba kubwa, shilingi ya ziada inayolipwa mapema ina nguvu kuliko ile inayolipwa baadaye. Mkopaji wetu akipata milioni 5 mwishoni mwa mwaka wa kwanza, tuseme kutokana na mavuno au kiinua mgongo cha mradi, na kuzilipa zote kwenye deni la msingi bila kubadilisha rejesho lake la mwezi, mkopo wake utaisha miezi 56 mapema na ataokoa takriban milioni 54. Milioni 5 hizo hizo zikilipwa baada ya miaka 15 zitaokoa kama milioni 5 tu. Asiyepata fedha za mkupuo anaweza kuongeza laki moja kila mwezi tangu mwanzo. Mkopo utaisha kwa miaka 13 na nusu hivi badala ya 20, na ataokoa zaidi ya milioni 65.

Masharti mawili yanahitaji uangalifu. La kwanza ni adhabu ya kulipa kabla ya muda: uliza ni asilimia ngapi na inahesabiwa juu ya nini. La pili ni namna benki inavyopokea nyongeza yako. Andika barua ukieleza kwamba fedha hizo ni za kupunguza deni la msingi na kufupisha muda, na uombe ratiba mpya yenye mhuri. Bila maelekezo hayo, nyongeza inaweza kukaa kwenye akaunti kama malipo ya miezi ijayo, na riba ikaendelea kama kawaida.

Jihadhari pia na mkopo kununuliwa na benki nyingine, jambo linalotangazwa sana kwa watumishi. Tuseme baada ya miaka mitano benki ya pili inakuja na riba ya asilimia 14, inalinunua deni lako la milioni 75.3 na kukupa miaka 20 mipya. Rejesho linashuka hadi shilingi 935,964 na kila mtu nyumbani anapongeza. Lakini jumla utakayolipa tangu siku hiyo ni milioni 224.6, wakati ungebaki ulipokuwa ungemaliza kwa milioni 189.6 katika miaka 15 iliyosalia. Riba imeshuka, gharama imepanda kwa milioni 35. Ukikubali kuhama, hama na muda ule ule uliobaki: kwa miaka 15 rejesho lingekuwa shilingi 1,002,366 na jumla milioni 180.4, nafuu ya kweli ya milioni 9 hivi kabla ya kutoa ada za kuhama. Mkopo wa nyongeza juu ya mkopo uliopo upimwe kwa namna hiyo hiyo.

Linganisha na njia nyingine kwa haki

Haitakuwa sawa kusema kwamba milioni 285 ni hasara tupu. Shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Mfumuko wa bei ukiwa asilimia 3 kwa mwaka, kiwango ambacho Tanzania imekuwa ikikikaribia miaka ya karibuni, rejesho la mwisho la milioni 1.05 litakuwa na uwezo wa kununua sawa na shilingi 583,000 za sasa. Pia umekaa ndani ya nyumba hiyo miaka yote bila kulipa pango. Kama nyumba inayofanana nayo inapangishwa laki nne kwa mwezi, miaka 20 ya pango ni milioni 96 hata kama mwenye nyumba asingepandisha kodi, jambo ambalo halitokei. Na thamani ya kiwanja inaweza kupanda, ingawa sikushauri uijenge hesabu yako juu ya tumaini hilo.

Mshindani mkubwa wa mkopo nchini mwetu si kupanga. Ni kujenga kidogo kidogo. Wengi hununua kiwanja, wakafyatua tofali, wakapandisha kuta, wakaezeka miaka kadhaa baadaye. Njia hiyo haina riba, lakini ina gharama zake: pango unalolipa wakati nyumba haijaisha, saruji na nondo zinazopanda bei kila awamu, vifaa vinavyoibwa, na fundi anayebomoa alichojenga mwenzake. Andika gharama hizo nazo kwa shilingi. Kwa maoni yangu, njia ya kati huwa bora kwa familia nyingi: kununua kiwanja kilichopimwa na chenye hati kwa akiba, kufikisha msingi na kuta kwa fedha taslimu, kisha kukopa kiasi kidogo kwa muda mfupi ili kumalizia. Milioni 30 kwa miaka saba ni mzigo wa aina nyingine kabisa kuliko milioni 80 kwa miaka 20.

Siku ya kutia saini, na baada yake

Kanuni za BoT za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha za mwaka 2019 zinamtaka mtoa huduma akueleze riba, ada na masharti kwa uwazi kabla ya mkataba. Itumie haki hiyo. Omba rasimu ya mkataba ukaisome nyumbani, na uombe jumla ya malipo yote iandikwe kwa tarakimu. Kama nyumba ni ya familia, Sheria ya Ardhi inahitaji ridhaa ya mwenzi wa ndoa ili rehani iwe halali. Mwenzi asome hesabu hizi, asiletewe karatasi ya kutia saini tu. Jua pia kwamba ukishindwa kulipa, benki hutoa notisi ya siku 60 kabla ya kutumia nguvu zake za kisheria, na katika kipindi hicho riba ya adhabu huendelea kujumlishwa. Mara unapoona mwezi mgumu unakuja, nenda benki kuomba kupanga upya ratiba kabla hujakosa rejesho la kwanza, na ukirudi na ratiba mpya, ikokotoe jumla yake kama ulivyoikokotoa ya zamani.

Hatimaye, weka fungu dogo kwa ajili ya kufuta rehani. Kulipa rejesho la mwisho hakuondoi jina la benki kwenye daftari la Msajili wa Hati. Omba barua ya kumaliza mkopo, hati yako halisi na hati ya kuondoa rehani iliyotiwa saini na benki, kisha hakikisha kuondolewa huko kumesajiliwa, kwa kufanya upekuzi mpya kwa jina lako.